Kidole Chenye Uzi

Katika lugha ya mama yangu, jana na kesho ni neno moja. Ni siku iliyo jirani na leo, basi, iwe imepita au inakuja. Kitenzi ndicho kinachokuambia imeelekea wapi. Wenyewe hawapati shida. Shida huanza wakivuka mpaka na kuingia kwenye Kiswahili, ambako mtu analazimishwa kuchagua, na akichagua vibaya anachekwa.

Mama amekaa upande huu miaka arobaini na mmoja na Kiswahili chake hakina doa. Anatania kwa Kiswahili, anagombana kwa Kiswahili, na akijichoma sindano analaani kwa Kiswahili. Lakini tangu nikiwa mdogo niligundua kuwa hasemi jana wala kesho. Hasemi kabisa. Atasema "Jumatatu nilipeleka lile godoro" na "Alhamisi nakwenda kliniki," hata kama Alhamisi yenyewe ndiyo inayopambazuka. Mtaani walimwona mtu makini wa tarehe, wakampa jina la Bi Kalenda, naye akalipokea kwa tabasamu. Mimi nilijua ni woga. Lile neno ndilo pekee lililobaki la kumchongea, na alikuwa amelizungushia ua. Hivyo ndivyo nilivyoamini mpaka Jumatano ile, na nilikosea.

Mama ni fundi magodoro. Si haya ya sponji yanayouzwa yamekunjwa kwenye nailoni. Ya kwake ni ya pamba. Anaichambua kwa vidole, anajaza kitambaa kizito cha mistari, anakipiga fimbo mpaka kilale sawa, halafu anapitisha uzi mnene kwa shazia, ile sindano kubwa ya kushonea magunia, na kufunga kifundo kila shubiri moja. Nyumba yetu ina vyumba viwili, na cha mbele ni cha pamba. Pamba ilikuwa kwenye nywele zetu, kwenye chai, kwenye madaftari yangu ya shule. Mwalimu wa darasa la nne aliwahi kuniuliza kama nyumbani tunafuga mawingu.

Mimi nina kibanda mkabala na ofisi ya mtaa. Nina mashine ya fotokopi, kamera, pazia jeupe la kupigia picha za vitambulisho, na zaidi ya yote nawajazia watu fomu. Wananiita Mama Fomu ingawa sijazaa. Fomu hizi nazijua kuliko waliozitunga. Najua swali lipi linaulizwa kwa kutaka jibu na lipi linaulizwa kwa kutaka kukukamata, na nimewapitisha watu wengi salama katikati ya hayo mawili. Nilijivunia sana kazi yangu, nasema kweli.

Mama alivuka akiwa na miaka kumi na tisa, yeye na baba, kule kwao kukiwaka moto. Bibi mmoja mjane aliwapangisha chumba. Hakuwa na undugu nao hata wa mbali, lakini alikwenda kwa mkuu wa mtaa akasema, "Huyu ni binti wa kaka yangu, na huyu mumewe." Mkuu wa mtaa akaandika. Kwa mstari mmoja wa kalamu mama akawa mwenyeji. Baba alikufa akiwa mwenyeji, na yule bibi, ambaye mimi nilimwita bibi yangu na kumlilia kama bibi yangu, akafa na siri yake. Siku za mwizi ni arobaini, wanasema. Sisi tulipewa miaka arobaini na mmoja, na mwizi mwenyewe hakuwa ameiba kitu ila mahali pa kulala.

Kisha kule ng'ambo kukawaka tena. Watu wakaanza kumiminika, wamebeba sufuria na watoto, na wengine magodoro kichwani. Mama aliwatazama wakipita akaniambia, "Lile la tatu limeshonwa vibaya, litamwaga pamba kabla ya jioni." Baada ya wiki sita likatoka tangazo. Wenyeji wote waliozidi miaka hamsini wafike mbele ya Kamati ya Uhakiki wapewe vitambulisho vipya, ili mgeni ajulikane na mwenyeji ajulikane. Atakayeonekana si mwenyeji atapandishwa lori pamoja na wageni na kupelekwa kambini, mwendo wa saa sita, akakae kwenye hema. Mimi niliyezaliwa hapa na kuandikwa hapa sikuhusika. Mama alihusika.

Fomu yake niliijaza mwenyewe, kwa herufi kubwa. Swali la kumi na nne lilisema: Taja lugha zote unazozijua. Niliandika KISWAHILI, nikaweka nukta, mama akatia saini chini ya maneno ya kiapo.

Halafu nikaanza kumfundisha. Habari zilizonifikia kibandani zilisema kamati ina mtego wake. Wanakuchekea, wanakuuliza habari za mtaa, na unapojisahau wanakutupia: jana ulifanya nini, na kesho utafanya nini? Wazee wawili walikuwa wamenaswa hapohapo. Basi kila jioni, yeye akiwa chini kwenye mkeka na godoro mapajani, mimi nilikuwa kamati.

"Jana ulifanya nini, mama?"

"Jumapili nilipumzika."

"Usiseme Jumapili. Sema jana."

Alivuta uzi, akafunga kifundo, akakata kwa meno. "Mwanangu, umenirudisha chekechea."

"Ni neno tu, Mama."

"Najua ni neno tu," alisema, akatunga uzi mwingine.

Mwishowe nilichukua kipande cha uzi wa godoro nikamfunga kwenye kidole cha shahada cha mkono wa kushoto. "Hii ni jana," nikamwambia. "Imeshafungwa, haifunguki. Huku kulia hakuna kitu, kidole kitupu, hiyo ni kesho. Ukiulizwa, tazama vidole."

Alikiinua kile kidole akakitazama kwenye mwanga wa dirisha. "Kuku mgeni hakosi kamba mguuni," akasema. "Mimi mtoto wangu kanifunga ya mkononi."

Tulicheka mpaka akatafuta kitambaa afute machozi. Kisha nikamfundisha somo la mwisho, ambalo leo naona haya kuliandika.

"Na wale wageni wakikusalimia kwa lugha yao?"

"Sisikii."

"Na mtu akikuuliza wanasema nini?"

"Sijui, baba. Mimi mwenyeji wa hapa."

"Vizuri sana," nikasema.

Jumatano tulifika mapema kwenye ukumbi wa ofisi ya mtaa, yeye amevaa gauni la kahawia alilolishona kwa ajili ya mazishi ya baba. Ukumbi ulikuwa umegawanywa mara mbili. Shule walikokuwa wakiandikishwa wageni ilikuwa imefunguliwa tena kwa masomo, kwa hiyo waliwahamishia humohumo. Kushoto ilikaa kamati, meza yenye kitambaa cha kijani na maua ya plastiki. Kulia alikaa karani wa wageni, meza tupu, foleni ndefu, na mlango wa upande uliofungukia uani ambako lori lilikuwa linanguruma tayari. Katikati kulikuwa na sakafu ya saruji, kama hatua kumi hivi, ambayo hakuna aliyeikanyaga.

Mwenyekiti wa kamati alikuwa yuleyule mwalimu wangu wa darasa la nne, sasa amestaafu, kichwa cheupe chote. Nilimwamkia nikapata nguvu kidogo. Aliniruhusu nisimame nyuma ya kiti cha mama.

"Karibu, Bi Kalenda. Bado mnafuga mawingu?"

"Bado, mwalimu. Msimu huu yamezaa."

Wanakamati wakacheka. Maswali yalikwenda vizuri kuliko nilivyoota. Mkuu wa mtaa wa zamani alikuwa nani, kisima cha kwanza kilichimbwa upande gani, shule iliezuliwa na upepo mwaka gani. Haya hakuhitaji kufundishwa. Alikuwapo, alibeba kwa kichwa vigae vya kuiezeka upya. Halafu mwenyekiti, bila kuinua macho kutoka kwenye faili, kwa sauti ya mtu anayeuliza habari za kawaida, akauliza:

"Na jana ulishinda ukifanya nini, mama?"

Mikono ya mama ilikuwa mapajani. Niliona kidole chenye uzi kikisogea kidogo.

"Jana nilimaliza godoro la mtoto, mwenyekiti. Kesho nitalipeleka kwa mwenyewe."

Ilikuwa mara yangu ya kwanza kusikia maneno hayo mawili yakitoka kinywani mwake. Yalitoka safi. Mwenyekiti alitabasamu, akafungua kalamu, akavuta kidau cha wino wa muhuri karibu yake.

Hapo ndipo upande wa kulia sauti zilipopanda.

Alikuwa mwanamke wa umri wangu, mtoto mchanga mgongoni, blanketi begani. Alikuwa na Kiswahili kile cha kununulia na kuuzia vitu sokoni, hakina mapambo yoyote. Mkalimani aliyekuwa akiwasaidia wageni alikuwa ameondoka na lori la alfajiri, na karani alikuwa amebaki peke yake na macho mekundu.

"Panda lori, dada. Jina lako limeshaitwa mara mbili."

"Hapana. Mtoto wangu mkubwa anakuja jana."

Karani alifungua daftari la jana yake, na kwa haki niseme kwamba alitafuta kwa uangalifu, kidole kikishuka mstari kwa mstari. "Jana waliingia mia mbili na kumi na sita. Jina hilo halimo."

"Anakuja jana. Na bibi yake. Bibi mguu mbaya, polepole."

"Basi kama alikuja jana, amepitia mlango mwingine akapanda lori la jana. Utamkuta kambini. Panda."

Yule mwanamke alishika neno moja tu katika hayo yote, na uso wake ukafunguka. "Ndiyo! Jana! Mimi nangoja jana!"

Foleni ya wenyeji ikaangua kicheko. "Hata mimi naingoja," mzee mmoja akasema, "nilikuwa na meno yote!" Kicheko kikazidi. Askari wawili waliokuwa mlangoni wakaja, mmoja akamshika yule mwanamke kiwiko, si kwa ukatili, kama unavyomshika mtu aliyechanganyikiwa. Naye akakaa chini sakafuni.

Sasa nakiri jambo. Nilielewa. Lugha ya mama sikufundishwa, lakini hilo neno moja nalijua, nimelala nalo na kuamka nalo. Niliposikia "anakuja jana" nilijua palepale kwamba kuna mtoto njiani anayejikokota na bibi yake, atafika kesho, na atakuta mama yake kapelekwa mwendo wa saa sita. Nililijua hilo kabla ya mtu mwingine yeyote kwenye upande wetu, labda isipokuwa mmoja. Nikatazama muhuri. Nikauombea moyoni ushuke haraka.

"Anasema kesho," mama akasema.

Hakusema kwa sauti kubwa. Lakini alikuwa amesimama, na ukumbi mzima ukamgeukia.

"Kaa, Bi Kalenda, tumalizie," mwenyekiti akasema.

"Mtoto wake yuko njiani, mwenyekiti. Atafika kesho. Msimpandishe leo."

Karani aliinua kichwa kutoka upande wa pili. "Wewe mama umejuaje?"

Hapo mwalimu wangu alifanya jambo ambalo sitalisahau. Aliweka kalamu chini na kusema taratibu, kwa watu wote wasikie, "Amekisia. Mtu mzima ana akili zake. Amekisia tu. Sivyo, mama?" Na alikuwa akinitazama mimi. Alikuwa ametufungulia mlango, na alikuwa anaushikilia kwa mkono wake mwenyewe.

"Kwa kukisia siwezi," karani akasema, na hakuwa anabishana, alikuwa amechoka. "Orodha ya lori imeshasainiwa. Nikimtoa mtu, lazima nijaze karatasi, na karatasi inataka mkalimani. Jina, saini, na lugha aliyoitafsiri. Kama amekisia, huyu dada anapanda."

Nikamshika mama mkono wa gauni. "Umekisia, Mama," nikamnong'oneza. "Sema umekisia. Nakuomba."

Alinigeukia. Sikuona hasira usoni pake, wala ushujaa wowote. Niliona mtu aliyechoka kubeba kitu.

"Niachie, mwanangu," akasema.

Akavuka ile sakafu. Alichuchumaa kwa shida mbele ya yule mwanamke na kumwambia jambo kwa lugha yao, kwa sauti ambayo sikuwahi kuisikia nyumbani kwetu, ya chini zaidi, ya haraka zaidi, sauti ya msichana fulani nisiyemjua. Yule mwanamke alimshika mikono yote miwili akaanza kulia huku akiongea. Mama alisikiliza, akauliza, akasikiliza tena, kisha akamgeukia karani na kumpa kila kitu kwa Kiswahili, kwa mpangilio, kama anayesoma orodha. Msichana wa miaka minane. Gauni la kijani. Bibi yake amevimba mguu. Wamelala kwenye ghala la kijiji cha pili kutoka mtoni kwa sababu bibi hawezi kwenda zaidi. Wameahidiana kukutana kwenye ngazi za ofisi hii.

"Lugha?" karani akauliza.

Mama akaitaja. Karani akaandika. Mama akatia saini ileile aliyotia chini ya kiapo changu cha herufi kubwa.

Lori liliondoka bila yule mwanamke. Mwenyekiti akafunika kalamu yake, akaifunga faili ya mama, akaweka mikono yote miwili juu yake na kutazama maua ya plastiki.

Nje, kwenye ngazi, nilimfokea mama yangu. Sijawahi kumfokea kabla ya siku ile. "Miaka arobaini na mmoja, Mama! Bibi amekufa na siri yako, baba amekufa nayo, mimi nimeandika uongo kwa mkono wangu! Dakika moja tu! Ulishindwa kunyamaza dakika moja?"

Alikaa kwenye ngazi ya chini akapanga gauni lake juu ya magoti. Alisubiri niishiwe pumzi.

"Na mimi niliwahi kuingoja jana," akasema.

Nikakaa.

"Nilikuwa na mdogo wangu. Miaka tisa. Siku ya kuvuka alishikwa na homa, hawezi kutembea, na mimi na baba yako tulikuwa tumebeba mizigo. Jirani mmoja mwenye punda akasema, tangulieni, nitamleta. Tukavuka daraja. Upande wa huku kulikuwa na lori na bwana mmoja mwenye daftari. Nilikuwa na Kiswahili cha wachuuzi, maneno hamsini labda. Nikamwambia, mdogo wangu anakuja jana."

Alisema bila kulia. Aliyekuwa akilia ni mimi.

"Akafungua daftari, akatafuta. Akaniambia, kama alikuja jana basi ametangulia, panda utamkuta mbele. Aliniambia kwa upole kabisa. Yule bwana hakuwa mbaya. Nikapanda nikifurahi, nikamwambia baba yako, mtoto ametutangulia. Tulifika, hayupo. Siku kumi baadaye nilirudi mtoni kwa miguu na daraja lilikuwa limeshavunjwa. Nilikaa ukingoni siku tatu nikiita."

"Hukuwahi kuniambia kama nina mama mdogo."

"Unaye," akasema. "Ningekuambia kwa maneno gani? Kila nikitaka kueleza, nalazimika kulisema lile neno."

Nilikuwa nimeishi naye maisha yangu yote nikimcheka kimoyomoyo kwa kuogopa neno. Nilimfunga uzi kwenye kidole ili asilikosee. Yeye alikuwa amelikosea mara moja tu.

Alhamisi alikwenda kwenye ngazi zilezile tangu asubuhi, akakaa na yule mwanamke. Alikuwa amebeba lile godoro la mtoto, wakamlaza yule mtoto mchanga juu yake. Sikufungua kibanda; nilisimama tu mlangoni nikiwaangalia. Hawakuzungumza sana. Ikafika saa sita, ikafika saba. Saa nane na kitu alitokea mwanamume akisukuma baiskeli, na nyuma ya baiskeli amekaa kikongwe mguu umefungwa matambara, na pembeni, ameshika kiti cha baiskeli, msichana mwenye gauni ambalo huenda lilikuwa la kijani kabla ya vumbi.

Nilidhani mama yake angekimbia. Hakukimbia. Alibaki amekaa, akafungua mikono tu, na mtoto ndiye aliyekimbia. Watu waliokuwa kwenye foleni, hata yule mzee wa meno, walitazama pembeni. Mama alisimama. Alimwangalia yule msichana kwa kitambo, akampangusa vumbi usoni kwa ncha ya khanga. Kisha akaendelea kutazama barabara. Baiskeli ilishaondoka, wale wanne walishaingia ndani kuandikishwa, na yeye bado alikuwa akiitazama ile barabara wanakotokea watu, mpaka nikaenda kumshika mkono.

Mwalimu alikuja mwenyewe kibandani Ijumaa. Alikataa kiti. "Faili moja ningeweza kuipoteza," akasema. "Lakini walikuwa watu themanini mle ndani, na swali la kumi na nne liko pale." Akavua miwani, akaifuta ingawa ilikuwa safi. "Mwambie aje ajiandikishe upande wa pili. Kama mgeni. Lori ni Jumamosi. Kambini kuna baraza la rufaa, nitamwandikia barua. Sitakudanganya kwamba barua yangu ina uzito."

Jioni hiyo nilileta nyumbani fomu ya upande wa kulia, ile ya wageni. Ni fupi kuliko ya kushoto na karatasi yake ni ya rangi ya waridi. Mama alikuwa amekunja vitu vyake: magauni matatu, mkasi, shazia mbili zimechomekwa kwenye kibonge cha pamba. Aliketi kwenye mkeka pale alipokaa nilipokuwa kamati, nami nikakaa mbele yake na kalamu.

Mahali ulipozaliwa. Alinitajia, ikabidi anirudie herufi kwa herufi kwa kuwa sikuwahi kuliandika. Jina la baba. Jina la mama. Nilikuwa naandika majina ya babu na bibi yangu kwa mara ya kwanza, nikiwa na umri huu, kwenye karatasi ya serikali. Lugha unazozijua. Alitaja mbili. Nimejaza maelfu ya fomu na sikuwahi kuona mtu akifurahia swali kama mama alivyolifurahia hilo.

Chini kabisa kulikuwa na jedwali dogo. Ndugu unaowatarajia: jina, umri, siku ya kufika. Wengi huliacha wazi. Nilikuwa nimeshageuza karatasi aliponigusa mkono.

"Hapo hujajaza."

"Nijaze nini, Mama?"

Akanitajia jina, nami nikainua kichwa, kwa sababu ni jina langu.

"Lilikuwa lake kwanza," akasema.

Nililiandika. Mkono wangu unalijua jina hilo kuliko neno lolote, lakini niliandika polepole, kama la mtu mwingine.

"Umri?"

"Tisa."

"Mama. Sasa atakuwa na hamsini."

Alifikiri. "Andika hamsini basi, wasikusumbue. Lakini mimi ninayemjua ni wa tisa."

Nikaandika hamsini.

"Siku ya kufika?"

Uzi ulikuwa bado kwenye kidole chake. Maji ya siku tatu yalikuwa yameukaza. Hakukitazama hicho kidole wala kile kitupu. Alinitazama mimi, akalisema lile neno la kwao, lile moja, bila kitenzi cha kunionyesha limeelekea wapi.

Kalamu ilikuwa mkononi mwangu, na Kiswahili kinataka uchague. Nikaandika: kesho.